Ulimi wa Sostenes

Nyarugusu, Geita
7 Januari 2024

Mama,

Shikamoo. Huku mvua imetushika tangu Krismasi na barabara ya mjini ni tope tupu, ila tunakula na tunalala. Loveness amevuka kuingia darasa la tano, anasema bibi asisahau michembe yake ya viazi vilivyokaushwa. Kibanda changu cha chakula kinakwenda. Wachimbaji hawaachi kula hata wakikosa mawe ya dhahabu.

Nimeandika kwa mkono na kumpa kondakta kwa sababu nikikupigia simu unapokelea kwa baba mdogo Charles, naye anaweka sauti kubwa nyumba nzima isikie. Haya si ya nyumba nzima.

Mdogo wangu Sostenes ana nafuu upande mmoja. Unakumbuka nilivyokueleza, mwezi wa tisa walimtoa duarani, chini kwenye shimo la dhahabu, akipiga kelele kwamba kuna watu wanamsema ndani ya mwamba. Wenzake wakasema amechezewa kwa uchawi ili dhahabu itoke, nikawafukuza na mwiko. Sasa anachomwa sindano ya kila mwezi, na wale watu wameondoka, anasema mwenyewe. Lakini mama, hiyo sindano inamtesa. Shingo inampinda, mate yanamtoka, hawezi kukaa kwenye benchi dakika mbili. Anazunguka uwanja mpaka ndala zimeisha. Vidonge vya mwanzo vilimfanya hivyo hivyo. Daktari Ghati anayemwona pale hospitalini anashangaa, maana dozi ni ya kawaida, wengine wanachomwa hiyo hiyo na wanaenda shambani.

Kuna watafiti wamekuja, wanapima bure. Wanasugua kijiti chenye pamba ndani ya shavu, wanakipeleka Dar, kinapimwa vinasaba, ile DNA. Majibu yakirudi daktari anajua ampe dawa gani na kwa kiasi gani. Kijiti wameshachukua, kiko kwenye friji. Kilichobaki ni saini. Sostenes hawamsainishi kwa hali yake, na fomu inasema mzazi akiwa hai asaini mzazi, mimi dada sitoshi. Fomu hii hapa ndani. Weka tiki kwenye "nimekubali", saini, mpe kondakta.

Fanya haraka mama, anateseka.

Violeth


Tinde
11 Februari 2024

Violeth mwanangu,

Marahaba. Mwangaluka na wewe, na mjukuu wangu. Sisi huku mpunga umesimama vizuri, majaruba yote matatu yana maji. Ng'ombe mwekundu amezaa dume. Charles kiuno kinamsumbua lakini bado anatukalisha kila jioni kutuhesabia makosa yetu.

Kuna habari ya kusikitisha. Binti wa Mzee Mageni aliyeolewa na mwalimu kule Nyasubi amerudi kwao. Mumewe alimchukua mtoto akampima hicho kitu, DNA. Amerudishwa na godoro na mtoto wa miaka tisa. Watu wanakwenda pale kwa Mageni kama wanakwenda msibani, wanakaa, wanamtazama mtoto pua na masikio, wanaondoka. Mtoto haelewi kwa nini hatakiwi kumwita baba yake baba.

Kuhusu Sostenes, mpe uji wa ulezi na usimwache juani. Alizaliwa wa miezi saba, mwili wake ulikuwa dhaifu tangu mwanzo. Sindano ni kali kwa mtu wa namna hiyo, atazoea.

Ile karatasi imeloa. Paa la jiko linavuja. Na mambo ya vipimo usiyaseme kwa Charles, wala usinitumie ujumbe kwenye simu yake.

Mimi mama yako


Nyarugusu
25 Februari 2024

Mama,

Shikamoo. Michembe imefika, wabeja sana, Loveness kamaliza nusu kabla sijafungua vizuri.

Karatasi imeloa lakini barua yangu haikuloa. Haya. Nimekuletea fomu nyingine, nimeifunga kwenye nailoni, hata ukiitumbukiza kisimani itatoka kavu.

Mama, sikuelewi. Ningekuambia wanataka kumkata mguu ningejua kwa nini unasita. Ni kijiti! Hakina hata sindano. Miezi saba, miezi saba, hiyo miezi saba gani? Mimi nilikuwa na miaka kumi na moja, nilimbeba mgongoni. Alikuwa mzito kama gunia la choroko, nilimwangusha mara mbili. Udhaifu haukutoka tumboni kwako, unatoka kwenye dawa.

Wiki iliyopita kanisani alipokea komunio, akatoa ulimi, ukagoma kurudi. Alisimama pale mbele ya watu ulimi nje, padri akamshika bega, watoto wakacheka. Loveness alilia mpaka nyumbani. Sasa ulimi wenyewe unatoka na kuingia hata akiwa amenyamaza, na mdomo unatafuna wakati hana kitu mdomoni. Ananiambia sindano ya mwezi ujao hachomwi. Asipochomwa, wale wa kwenye mwamba watarudi. Mimi niko katikati ya hayo mawili, mama, na wewe unanielekeza uji wa ulezi.

Saini. Nakuomba kwa magoti.

Violeth


Tinde
17 Machi 2024

Mwanangu,

Marahaba. Umeniandikia kwa ukali, lakini najua umechoka, nimekusamehe.

Fomu iko kwenye bahasha ndogo ndani ya hii. Nimeibandika kwa ugali. Ni ya daktari, usiifungue. Mambo ya hospitali si ya kila macho. Mpe mkononi, useme imetoka kwa mama.

Kwa Sostenes nawasha mshumaa kila siku. Mwambie nampenda. Na hii habari sasa iishe kati yetu, tusiiandike tena.

Mama


Nyarugusu
19 Mei 2024

Mama,

Shikamoo, na ahsante. Nilisema maneno makali, unisamehe. Bahasha niliipeleka siku ile ile, nikampa karani wa watafiti kwa sababu Daktari Ghati ameenda likizo ya uzazi. Tangu hapo nasubiri majibu. Kila Alhamisi nikienda kuuliza wananiambia daktari wake akirudi atanieleza.

Aliyeshika nafasi yake ni kijana mpole, anasoma faili, anaandika kilichoandikwa juu. Ameongeza kidonge cha kupunguza kukakamaa, kikasaidia shingo kidogo. Ulimi hakikuugusa.

Sostenes amepungua sana. Ugali unamkaba, nampondea viazi. Maneno yake yanatoka yamevurugika, wateja wangu wanadhani amelewa, mmoja alimwambia atoke aende akalale. Aliinuka akaenda nyuma ya kibanda akakaa kwenye ndoo. Mama, huyu ndiye aliyekuwa anawachekesha duara nzima.

Sindano ya mwezi wa nne aligoma. Nilimkalisha nikamwambia, majibu yako njiani, mama ameshasaini, vumilia hii moja tu. Akaniuliza, "Mama kasaini kweli?" Nikasema kweli. Akavua shati. Ya mwezi huu pia tumekwenda hivyo hivyo. Asubuhi za Alhamisi ananisubiri mlangoni nikirudi, ananitazama tu mikono kama nimeshika karatasi.

Unasali vizuri, endelea.

Violeth


Tinde
23 Juni 2024

Mwanangu Violeth,

Marahaba. Dengu zimetoka kidogo mwaka huu, tumeziuza mapema. Baridi ya asubuhi inaniuma magoti.

Nataka kukuuliza jambo moja. Majibu ya vipimo kama hivyo yakitoka, yanasomwa mbele ya nani? Wanaita ukoo? Au anapewa mgonjwa peke yake?

Yakichelewa usihangaike sana. Kuna vitu mtu akivisubiri bila kuvipata, ndiyo salama yake.

Kama sindano inamtesa hivyo, si angepumzika hata mwezi mmoja? Mimi sijui. Sijui kitu mimi.

Mama


Nyarugusu
25 Agosti 2024

Daktari Ghati amerudi Alhamisi. Aliponiona na Sostenes alishtuka, akamwambia akae, akamshika kidevu, akamwambia atoe ulimi, aurudishe, autoe. Akaniuliza kwa nini hatukufanya kile kipimo. Nikamwambia tulifanya, tunasubiri majibu. Akafungua faili. Akageuza karatasi kunielekezea mimi.

Tiki yako iko kwenye "nimekataa". Na saini yako, na L ya jina lako ile yenye mkia. Kijiti walikitupa mwezi wa nne.

Nilimwambia daktari si mwandiko wako. Nilisema uongo mbele ya mdogo wangu kukutetea wewe. Kisha nikatoka nje mpaka getini, askari akanipa maji.

Miezi mitano, mama. Sindano tano. Kila moja aliichomwa kwa sababu mimi nilimwambia majibu yako njiani, na wewe ulikuwa unajua hayako njiani popote. Ulinisoma nikiandika kwamba ananisubiri mlangoni, ukanijibu habari za dengu! Umekula, umelala, umewasha mshumaa. Mshumaa wa nini?

Sitaki kusikia habari za uji. Sitaki miezi saba. Nataka kujua amekukosea nini Sostenes.

Shikamoo nimeiweka huku chini kwa sababu juu haikutoka.

Violeth


Tinde
1 Septemba 2024

Violeth,

Nimeandika barua hii mara nne. Tatu nimezitia motoni.

Sostenes si wa baba yako Donatus. Ndiyo hivyo, nimeandika.

Mwaka ule baba yako alikwenda Songwa kutafuta kazi ya almasi, akakaa miezi kumi na minne bila kurudi wala kuleta neno. Watu walisema kafa, wengine walisema ana mke huko. Wewe ulikuwa shule, ulikuwa unanikuta nimekaa tu. Alikuwepo mtu aliyenisaidia kulima. Jina lake siandiki, ameshakufa, na mke wake namsalimia kila Jumapili. Baba yako aliporudi nilikuwa na mimba ya miezi miwili. Mtoto alipozaliwa nikasema ni wa miezi saba, mkunga naye akakubali, alikuwa mwanamke mwenye huruma. Donatus alimbeba, akampa jina, akampenda kuliko alivyonipenda mimi. Amekufa sijamwambia.

Uliponiandikia DNA, niliikunja barua nikafunga mlango. Mimi neno hilo najua kazi yake moja. Binti wa Mageni karudishwa kwa neno hilo. Nikajua watamtazama damu Sostenes, watasema huyu baba yake nani, karatasi itakwenda kwa Charles, na Charles ndiye anayeshika majaruba ya marehemu. Atamwambia nini? Atamwambia ondoka, wewe si wetu. Mtoto mgonjwa wa akili, hana baba, hana shamba, akirudi kutoka huko machimboni anarudi wapi? Na mimi na miaka yangu hamsini na nane nikae kwa nani nitazamwe kama yule binti?

Nilisema bora shingo ipinde lakini ana kwao. Ndivyo nilivyofikiri. Sikujua ulimi nao ungefuata. Ulivyoandika habari ya kanisani nililia, nikachukua kalamu nikataka kuweka tiki kule kwingine, nikasikia Charles anakohoa nje, nikaiweka nilikoiweka.

Fomu ya kwanza haikuloa. Nilikuwa nayo chini ya mtungi. Hii hapa, nimeweka "nimekubali", angalia mwenyewe kabla ya kuipeleka. Wakishajua, waombe wasiandike jina la mtu.

Kunichukia ni haki yako.

Limi


Nyarugusu
27 Oktoba 2024

Mama,

Shikamoo.

Nimekaa karibu miezi miwili bila kukujibu. Kalamu nilikuwa nayo, mdomo ndio ulikuwa mchungu. Barua yako niliichoma kwenye jiko la kibandani. Sostenes hajui kilichomo, na Loveness hajui. Nilifikiri pia habari ya baba. Nimelia kidogo, nikaona aliyemfundisha Sostenes kuswaga ng'ombe ni Donatus, basi mimi sina la zaidi.

Fomu yako niliipeleka, wakachukua kijiti kipya, na majibu yametoka. Ni kurasa mbili, Daktari Ghati alinisomea mimi na Sostenes, mlango umefungwa, hakuna ukoo wala mjumbe. Hakuna mahali pa jina la baba, mama. Hakuna. Nilimwomba anisomee tena mwanzo hadi mwisho nikiwa nimeangalia kidole chake. Hicho kipimo hakimtafuti baba wa mtu. Kinatazama jinsi ini la mgonjwa linavyovunja dawa, basi. Ili kumjua baba wangechukua na kijiti cha baba, na kupima kingine kabisa.

Nilipotoka nilikaa kwenye ngazi nikacheka peke yangu, watu wakaniona ndiye mgonjwa. Maana kosa ni langu pia. Nilikuandikia "vinasaba, ile DNA", nikapita, kama naandika neno panadoli. Sikujiuliza huko Tinde neno hilo linafika likiwa limebeba nini. Ungeniuliza swali moja tu. Au mimi ningekuuliza, mama, unaogopa nini. Nilikuwa nakukaripia, sikukuuliza.

Ini la Sostenes ni zito kwa zile dawa zote mbili alizokuwa anapewa. Zinakaa mwilini, haziishi, inakuja nyingine inazikuta. Daktari anasema dozi ya mtu mmoja kwake ilikuwa kama ya watu watatu. Hakuwa dhaifu wala hakurogwa. Amebadilishiwa, anakunywa kidonge kingine ambacho mwili wake unakimudu, kidogo kidogo. Wa kwenye mwamba hawajarudi. Shingo imenyooka. Anakaa kwenye benchi, analala, juzi alinisaidia kuchambua mchele.

Ulimi haujatulia. Unatoka na kuingia vile vile, mdomo unatafuna. Nilimuuliza daktari utapona lini. Akasema huenda ukapungua, huenda ukabaki hivyo, haya yakikaa sana yanazoea mwili. Akasema, "Mngekuja mwezi wa pili..." akaona uso wa Sostenes, akaacha hapo. Anaongea, ila ninayemwelewa ni mimi na Loveness. Duarani hawamtaki, wanasema atawaletea mkosi.

Sostenes amesikia yote hayo. Tukiwa njiani akaniuliza kitu, nikamwambia rudia, akarudia mara tatu. Alikuwa anauliza, "Kwa nini mama alikataa?"

Nimemwambia sijui. Ni uongo wa pili ninaousema mbele yake kwa ajili yako, na sitaki kusema wa tatu.

Violeth


Tinde
3 Novemba 2024

Violeth mwanangu,

Marahaba. Barua nimeipokea stendi, nimeisomea pale pale kwenye benchi la wauza karanga, sikuweza kufika nayo nyumbani.

Nikarudi nikamwita Charles. Nikamwambia kaa, leo nasema mimi. Nikamwambia yote, kuanzia Songwa hadi tiki. Alikuwa anasuka kamba ya ndama, hakuinua kichwa. Nikamaliza, nikasimama tayari kufunga mzigo wangu akiniamuru niondoke. Akasema, "Shemeji, kaka alihesabu miezi wiki ile ile mtoto alipozaliwa."

Nikamuuliza nani mwingine anajua. Akasema baba yao alijua, mama yao alijua, yeye alikuwepo walipokaa kulizungumza. Donatus aliwaambia, ng'ombe kumi na nane walitoka kwenye zizi hili kwa ajili ya Limi, anachozaa Limi ni cha zizi hili, atakayemtazama mtoto wangu pua na masikio asikanyage hapa. Yakaisha siku hiyo. Charles anasema hata habari ya binti wa Mageni ilimkera kwa sababu mwalimu hana adabu. Kisha akaniuliza, "Kwani ulikuwa unamficha nani?"

Miaka ishirini na tatu, Violeth. Nilikuwa namficha nani? Nilikuwa nachukua maji ya kunawa nampelekea mtu anayejua, naogopa kikohozi cha mtu anayejua. Mume wangu alilala kitandani pangu akijua, akanyamaza ili nisione aibu, na mimi nikanyamaza ili yeye asijue. Na kwa hicho kilichokuwa kinajulikana na kila mtu nimemtoa mwanangu ulimi.

Sijui nifanye nini na hilo. Kusali siwezi, midomo inasema maneno mimi niko kwingine.

Nakuja Jumamosi na basi la asubuhi. Charles ametaka kunisindikiza, nimekataa. Usimwambie Sostenes neno lolote kabla sijafika. Nitakaa mbele yake nimwambie mwenyewe kwa nini nilikataa, na baba yake ni nani, na nani alimlea akijua. Akitaka kunitukana, usimzuie wala usimsaidie maneno. Muache ayatafute yeye, hata yakichukua mchana mzima, nami nitakaa hapo mpaka nimemwelewa.

Mama yenu